Maiki Namba Tatu

Wifi yangu Wilhelmina aliimba kwaya kwa miaka kumi na moja bila kutoa sauti. Sitanii. Alivaa sare, alishika daftari la nyimbo, alikohoa kidogo kabla ya kuanza kama tunavyokohoa wote, akafungua mdomo ukafunguka, na humo ndani hakikutoka kitu. Jumapili kwa Jumapili, Krismasi na Pasaka, harusi na misiba, nami nikiwa nimesimama naye bega kwa bega kwenye sauti ya pili, sikujua.

Utauliza nilikuwa na masikio gani. Masikio yangu mazima kabisa, tatizo ni mdomo. Mimi Rebeka nikiimba, kinanda chenyewe kinakuwa msindikizaji. Mwalimu wetu wa kwaya, Maige, aliwahi kuniambia nipunguze nusu. Nikapunguza. Akasema sasa punguza nusu ya hiyo iliyobaki. Mtu aliyesimama karibu yangu hasikiki, awe anaimba au anaomba msaada.

Nimemwomba Wilhelmina ruhusa ya kuandika habari hii. Alikuwa anapiga pasi kola ya shati la mteja. Akafikiri, akageuza kola upande wa pili, akasema, "Andika. Ila ukiniandika mimi, ujiandike na wewe. Na lile la ng'ombe usiliruke."

Nimekubali. La ng'ombe linakuja.

Wilhelmina ni mke wa kaka yangu Pius. Ni Mkerewe, mtoto wa mwalimu wa shule ya msingi kule kisiwani Ukerewe, na kwao, kwa anavyosimulia mwenyewe, watu waliombana samahani hata kwa kupishana mlangoni. Ni fundi cherehani. Kibanda chake kiko hapa Kiseke, Mwanza, ukuta wa nyuma umeegemea jiwe, maana Kiseke ukitaka kujenga ni lazima uelewane kwanza na mawe. Hajawahi kuchelewesha nguo ya mtu, jambo ambalo kwa mafundi ninaowafahamu mimi ni muujiza wa kupelekwa kwa askofu. Sare zote za kwaya yetu ameshona yeye. Anavijua viuno vyetu kuliko waume zetu wanavyovijua, na hajamtangaza mtu hata siku moja.

Nikipita kibandani kwake nilikuwa naona, kupitia dirishani, cherehani inalia na midomo yake inacheza. Nikiingia tu, mguu unainuka kwenye pedeli, cherehani inanyamaza, midomo inafunga. Nilidhani anahesabu inchi. Mafundi wengi huongea peke yao.

Kwenye kwaya aliingia kwa futi ya kupimia. Mwaka aliojiunga tulitaka sare mpya, naye akawa anakuja mazoezini kupima watu. Alimaliza kupima wiki ya kwanza, lakini wiki ya pili akaja tena, eti kuna mabega hana uhakika nayo. Wiki ya tatu akaja kuhakikisha mikono. Pius akaona mkewe anarudi kila Alhamisi na uso uliotakata, akajiona mume mwelewa. Jumapili moja nje ya kanisa akamshika mwalimu Maige bega na kumwambia mbele ya watu wote, "Mwalimu, huyu mke wangu anataka kuimba, anaona aibu tu kusema." Watu wakapiga makofi. Wilhelmina ni mtu wa kwao, nyumba ile ya samahani; angewezaje kumwambia mumewe hapana mbele ya kanisa zima? Maige akamwuliza kama yuko radhi, akaitikia kwa kichwa. Kisha Maige akampanga kando yangu, ili, alivyosema, wifi yake amshike mkono.

Hivyo ndivyo mtego ulivyotegwa, na wote tuliokuwa tukiutega tulikuwa tunatabasamu.

Alijipangia kwamba Jumapili ya kwanza atachezesha midomo tu, halafu atatafuta namna ya kumwambia Maige. Jumapili ya kwanza Maige akamsifu. Ndiyo, alimsifu! Tukijaribu wimbo kabla ya ibada, aliusimamisha, akanyoosha kijiti chake na kusema, "Mtazameni dada Wilhelmina. Mdomo wa duara, taya limelegea, mabega hayapandi. Hivyo ndivyo mtu anavyoimba." Ni kweli alikuwa na mdomo mzuri. Mtu asiye na kazi nyingine isipokuwa mdomo, lazima aufanye vizuri. Tangu siku hiyo kila mwanakwaya mpya aliambiwa akae mahali anapomwona dada Wilhelmina. Baada ya hapo angesema nini? Kila sifa ilikuwa kufuli juu ya kufuli.

Kwa nini hakuacha tu, akasema magoti yanauma, watoto wanamsumbua? Hilo nilimwuliza baadaye kwa hasira, naye akanijibu taratibu. Alisema akisimama katikati yetu, besi wakiwa nyuma na sauti ya kwanza wakiwa mbele, alikuwa anasikia wimbo unampita mwilini. "Nikitoka, wifi, nitausikilizia wapi tena? Benchi la nyuma?" Alikuwa anazijua nyimbo zote, sauti zote nne, mpaka za wanaume. Nikipotea katikati ya wimbo, ukucha wake ulikuwa unagonga daftari langu mahali tulipofika. Miaka kumi na moja nimeokolewa na ule ukucha, na sikuwahi kujiuliza mambo mawili matatu.

Basi mwaka jana kwaya ikaamua kurekodi. Mwalimu Maige alikuwa ametunga nyimbo kumi, na ule aliokuwa anaupenda kuliko zote ni wa Hajiri, yule mama aliyefukuzwa pamoja na mtoto wake jangwani. Kuna mahali kwaya yote inanyamaza na sauti ya pili inabaki peke yake kumwambia: "Hajiri, walia nini? Kisima ki karibu." Ukiimbwa vizuri, hata mimi nywele zinasimama.

Maige akatangaza sheria: asiyeingia studio hataonekana kwenye video. Alikuwa anawatisha wale vijana wa besi wanaokuja mazoezini wakijisikia, lakini aliyeumia ni Wilhelmina. Kisha akataja wanne wa sauti ya pili wa kuanza, kwa kuwa chumba cha kurekodia hakibebi zaidi ya hapo: Paskazia, Hellen, mimi, "na bila shaka dada Wilhelmina, huyo ni wa kwanza".

Alijaribu kutoroka, maskini. Alisema ana kazi za watu. Maige akasogeza tarehe kwa ajili yake. Alisema kifua kinambana. Maige akamletea chupa ya asali na tangawizi aliyoponda kwa mkono wake mwenyewe, na kila akikutana naye akawa anauliza kama anakunywa. Pius, fundi wa friji, naye alikuwa amewatangazia wateja wake wote kwamba mkewe anatoa albamu. Alisema albamu ni ya mkewe, sisi wengine hatukutajwa.

Studio iko mjini, ghorofa ya pili, juu ya duka la vitambaa la familia ya akina Mihir. Baba anauza vitambaa chini, mtoto anarekodi kwaya juu. Mihir ni kijana wa miaka thelathini hivi, mzaliwa wa hapa hapa, Kiswahili chake cha Mwanza kabisa na Kisukuma cha salamu anacho. Alitupokea mlangoni. "Shikamooni, akina mama."

"Marahaba, baba," tukamjibu.

Chumba chenyewe kilikuwa kidogo kama stoo. Kuta zimebandikwa magodoro na trei za mayai, hakuna dirisha, feni ipo lakini imezimwa kwa sababu maiki zinaisikia. Mlango mzito, ukifungwa masikio yanaziba. Upande mmoja kuna kioo, na nyuma ya kioo yuko Mihir na mitambo yake, na mwalimu Maige kitini kando yake. Kila mmoja wetu akapewa hedifoni na maiki yake: Paskazia namba moja, mimi namba mbili, Wilhelmina tatu, Hellen nne. Mlango ukafungwa. Nilimtazama wifi yangu, nikaona jasho limemtoka juu ya mdomo, nikasema moyoni joto limezidi. Nikampepea na daftari.

Tukaimba ubeti wa kwanza wa Hajiri. Mihir akatusimamisha. Sauti yake ikaingia masikioni: "Mama wa namba tatu, mbona sikupati?"

Wilhelmina akafunua ukurasa wa daftari.

"Haidhuru, itakuwa waya."

Akaingia, akabadilisha waya, akatoka. Tukaimba tena. "Bado. Namba tatu inanipa pumzi tu." Akaingia tena, safari hii akaleta maiki nyingine, akaifunga, akaipuliza, akasema hii ni mpya. Maige kule nyuma ya kioo alikuwa anatikisa kichwa kusikitikia vifaa vya siku hizi. Mimi niliona Wilhelmina anamtazama yule kijana akihangaika na nyaya mbele yake, amekunja miguu sakafuni, anakaza na kulegeza, na uso wa wifi ulikuwa wa mtu anayetazama nyumba yake inabomolewa. Angeweza kusema neno moja. Hakuweza.

Tukaimba mara ya tatu. Pumzi tu.

"Hebu badilishaneni," Mihir akasema. "Namba mbili aje tatu, namba tatu aende mbili."

Nikahamia kwake, akahamia kwangu. Tukaimba. Namba tatu ikapona hapo hapo, sindano za mitambo zikaruka mpaka Mihir akavua hedifoni sikio moja. Na namba mbili, iliyokuwa nzima asubuhi yote, ikafa.

Paskazia akacheka, "Makubwa, ugonjwa umehama!"

Mihir hakucheka. Alimtazama Wilhelmina kupitia kioo, muda si mrefu, kisha akatazama chini kwenye mitambo yake. Yule kijana ana adabu, nitamwombea mpaka nife. Akasema, "Akina mama, tupumzike dakika kumi. Nitarekodi sauti ya pili mmoja mmoja. Itakuwa safi zaidi."

Na Maige, kwa nia njema ile ile iliyotufikisha hapo, akapiga makofi. "Safi sana! Tuanze na dada Wilhelmina, wengine wajifunze."

Nilimkuta kwenye ngazi, katikati ya ghorofa na duka, palipopangwa majora ya vitambaa wima ukutani. Alikuwa ameshika jora moja kwa mikono miwili. Chini ulikuwa unaonekana mlango wa duka na mwanga wa barabarani.

"Wifi, waambie nimepigiwa simu," akasema. "Mtoto anaumwa."

"Mtoto gani anaumwa? Si wako shule?"

"Waambie hivyo."

"Kwani una nini wewe?"

"Siimbi."

"Huimbi leo?"

"Siimbi, wifi. Sijawahi. Tangu niingie kwaya sijaimba hata neno moja."

Nitasema ukweli kama nilivyoahidi: kitu cha kwanza kilichonipanda ni hasira. Miaka kumi na moja! Nilikumbuka mashindano ya parokia zote za dekania yetu tuliyoshindwa kwa alama chache, na sauti ya pili ikasemwa ni nyembamba. Nikamwambia alitufanya wajinga. Nikamwambia alimfanya kaka yangu mjinga. Aliniacha nikaongea mpaka maneno yakaniishia, kazi ambayo si ndogo. Mwisho nikauliza, "Na ni nani aliyekuambia huna sauti?"

Akanitazama.

"Wewe."

Sasa ndiyo la ng'ombe.

Nyumbani kwa wazazi wangu, Buhongwa, tuna desturi yetu. Bibi harusi akiingia jikoni siku ya kwanza, mawifi tunampokea kwa utani. Kila agusacho tunakicheka. Akisonga ugali tunaomba vikombe tuunywe. Akifagia tunamwuliza kama kwao vumbi huondolewa au huhamishwa. Hatumchukii, tunambishia hodi ili atufungulie. Naye anatakiwa arudishe, tena kwa ukali kutushinda, na siku akituweza kwa maneno tunampigia vigelegele, basi, amekuwa mtu wa nyumbani. Mke wa kaka yangu mkubwa alitumaliza kabla chai haijachemka.

Wilhelmina hakurudisha. Alitabasamu, akaendelea na kazi. Tukangoja wiki, tukangoja mwezi, tukasema ana maringo ya kisiwani, tukaacha. Hatukumwambia kwamba kuna kitu kinangojwa kutoka kwake, maana nani humweleza mtu utani?

Siku ile ya kwanza alikuwa anaosha masufuria, akawa anaimba chinichini. Hayo alinikumbusha yeye pale kwenye ngazi. Mimi nilikuwa nimesahau kabisa. Alinikumbusha kwamba nilitoka uani nikashika kiuno, nikapaza sauti hii yangu ili mtaa mzima usikie: "Jamani! Si tulipeleka ng'ombe kumi na wawili Ukerewe? Kumbe mmoja wamemrudisha! Yuko jikoni, anaimba!"

Alisema watu walicheka mpaka baba mkwe akatoka chumbani kuuliza kuna nini. Alisema na yeye alicheka, huku akisugua sufuria lililokuwa limeshatakata.

"Lakini ule ulikuwa utani!" nikamwambia.

"Najua. Pius alinieleza mwaka uliofuata. Kichwani nilielewa, wifi. Kooni hilo halikufika."

Nilikaa kwenye ngazi. Nilitamani anipige. Miaka kumi na sita ya ndoa, kumi na moja ya kwaya, na mwalimu Maige akamchukua mtu huyo akamsimamisha ubavuni kwangu mimi, mtu mmoja katika Mwanza nzima ambaye asingeweza kufungua mdomo mbele yake. Cherehani ile iliyokuwa inanyamaza nikiingia, nikaielewa. Alikuwa anaimba chini ya kelele zake. Na aliyekuwa anamnyamazisha kila nikitia mguu ni mimi, huku nikimwuliza habari za watoto.

Juu mlango ukafunguka, Maige akaita, "Dada Wilhelmina! Tuko tayari!"

Nikasimama haraka. Nilitaka kulipa, na mimi nikitaka kulipa hulipa kwa kelele. Nikamwambia, "Sikiliza. Nenda nyumbani. Mihir ameshajua na hatasema. Nitaingia nirekodi mara mbili, moja yangu na moja yako, nitabadilisha sauti kidogo. Maige hatatambua. Jina lako litakuwepo, kwenye video utakuwepo."

Alifikiri. Nilimwona anafikiri kweli, macho yakiwa kwenye ule mlango wa barabarani, na sitamlaumu. Angetoka pale salama, na Jumapili angerudi kwenye nafasi yake, na mambo yangekuwa vilevile mpaka mmoja wetu afe.

"Miaka kumi na moja umeimba ya kwako na yangu, wifi," akasema. "Inatosha."

Akaachia jora la kitambaa, akapanda ngazi.

Tuliokuwa nje tulimsikia kupitia spika. Mlango ulifungwa, yeye peke yake mle ndani na magodoro. Muziki ukaanza, mahali pake pakafika, pakapita, kimya. Mihir akaurudisha wimbo. Pakafika, pakapita. Mimi nilikuwa nimeshika kiti kwa mikono miwili. Mara ya tatu Mihir akabonyeza kitufe akasema, "Mama, sogelea maiki kidogo," kana kwamba shida yote ilikuwa hiyo.

Mara ya nne akaimba.

Ningependa kukuambia kwamba ilitoka sauti ya malaika, tukaanguka kifudifudi. Haikuwa hivyo. Ilikuwa sauti nzito kidogo, yenye mikwaruzo, sauti ya mtu aliyeamka sasa hivi. Ilianza chini ya mahali pake ikajivuta ikapafikia. Kwenye "kisima ki karibu" ikakatika, ikaungana. Ilikuwa sauti ya kawaida kabisa. Kwaya yetu ina sauti kama hizo ishirini.

Nikawatazama watu. Paskazia alikuwa anasoma ujumbe kwenye simu. Hellen alikuwa anamenya karanga. Mwalimu Maige alikuwa anapiga mapigo gotini, macho kayafumba, na hakuyafumbua.

"Sawa, imeingia," Mihir akasema. "Anayefuata."

Wilhelmina akatoka, akasimama katikati ya chumba, akangoja. Hellen akampa karanga. Akauliza, "Imeisha?"

"Imeisha, mama. Imekaa vizuri."

Alikuja akaketi karibu yangu, karanga zikiwa kiganjani, hakula hata moja. Nilitaka kumshika mkono, akauondoa. Machozi yalikuwa yanamtoka bila kelele, na kwa muda nilidhani ni ya furaha, mpaka alipogeuka nikaona uso. Ilikuwa hasira, nami sijawahi kumwona na hasira. "Ni hivyo tu?" akaninong'oneza. "Wifi, ni hivyo tu? Miaka yote hiyo, kumbe mtu anasema imeingia, anayefuata?"

Zamu yangu ilifika, nikaingia kuimba, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nikaombwa niongeze sauti.

Video tuliipigia kwenye mawe ya ufukweni, huku Ilemela, sare mpya za bluu, ziwa nyuma yetu. Kama hujawahi kupiga video ya kwaya, ujue kwamba huko hakuna anayeimba; wimbo unapigwa kwenye spika na nyinyi mnachezesha midomo. Kwaya nzima ilikuwa inajifunza siku ile kazi aliyoifanya Wilhelmina miaka kumi na moja. Maige alimweka mstari wa mbele, katikati kabisa, kwa ajili ya mdomo wake.

Na yeye akaimba. Spika inaimba, naye anaimba juu yake, kwa nguvu, mishipa ya shingo imetoka. Mdomo ukaenda upande, meno yakaonekana, mabega yakapanda. Maige akasimamisha mara mbili. "Dada Wilhelmina, umepatwa na nini? Mdomo wako umeharibika!" Mara ya tatu akamhamishia mstari wa nyuma, kwenye jiwe la mwisho, na mimi nikaomba kuhamia huko. Video ukiiona, sisi wawili tunaonekana nywele tu. Maige hajajua sababu mpaka leo. Akisoma hapa atajua, na naomba akae chini kwanza.

Tangu hapo anaimba kanisani. Namsikia, kwa kuwa nimejifunza kupunguza nusu, na nusu ya iliyobaki. Hukosea hapa na pale, nami nagonga daftari lake kwa ukucha.

Lakini nyumbani kwake haikuwa hivyo. Nikipita kibandani, cherehani ilikuwa inalia na midomo inacheza. Nikitia mguu, kimya. Mbele ya waumini mia tatu aliweza. Mbele yangu peke yangu, mlangoni pake, hakuweza, au hakutaka. Sikumwuliza. Nilianza kupita kwa barabara ya juu ili nisimkatishe. Siku nyingine nilifika mpaka kwenye jiwe la nyuma, nikasikia, nikageuza. Mtu akikufungia mlango unaweza kumgombeza. Huu nilikuwa nimeufunga mimi, na ufunguo nilikuwa sijui niliuweka wapi.

Mwezi wa tatu mwaka huu mama alinituma kutoka Buhongwa na fungu la matembele nimpelekee Wilhelmina. Nikashuka kwa njia ya mawe, saa nne asubuhi, jua kali. Cherehani ilikuwa imenyamaza. Alikuwa anashona vifungo kwa mkono, na alikuwa anaimba Hajiri, sauti ya pili, bila kelele yoyote ya kumfunika. Nikasimama nje ya pazia la mlangoni. Nikajiambia nitangoja amalize ndipo nibishe hodi.

Pazia lile ni fupi. Ndala zangu zilikuwa zinaonekana chini yake, na hakuna mtu Kiseke nzima mwenye ndala kama zangu. Nilisikia sauti inasita, katikati ya neno. Nikafumba macho. Nikageuka kuondoka.

Akaendelea. Alimaliza ubeti ule, akaimba na wa pili, akaimba na wa mwisho, polepole, bila kuruka kitu, nami jua linanichoma kisogoni na matembele yananyauka mkononi. Alipomaliza nikasikia anakata uzi kwa meno.

"Ingia basi, wifi," akasema. "Ng'ombe wenu amemaliza kuimba. Hizo nyasi mmemletea, au kwenu ng'ombe hulishwa maneno?"

Nikayatazama matembele. Miaka kumi na sita, na ndiyo kwanza limekuja jibu. Nikaweka kiganja mdomoni, nikampigia vigelegele, peke yangu, pale nje ya pazia, mpaka majirani wakatoka kuuliza ni nani ameolewa.